Samahani Nimekuja

(Mazungumzo ya juma hili, kama yalivyosomwa redioni)



Leo nianze na kisa. Katika jiji la Tel Aviv, mwendawazimu mmoja anatoroka katika hospitali ya vichaa. Anaiba mashine ya kuchimbulia lami, ile yenye kelele za kuamsha maiti, anaikokota hadi kwenye barabara ya Allenby, barabara kubwa ya jiji, na kukiwa bado giza anaanza kuchimba. Watu wanaamka, wanachungulia madirishani, wanalaani. Lakini hakuna hata mmoja anayemwuliza: wewe umetumwa na nani? Polisi anafika. Anaona mtu ana mashine, ana shimo, ana bidii. Basi anaanza kuongoza magari yapite pembeni.

Habari zinafika manispaa. Kila idara inadhani kazi ile ni ya idara nyingine, na hakuna mkubwa aliye tayari kukiri kwamba hajui. Wananchi wanapolalamika kwamba kazi inachelewa, wakubwa wanaongeza mashine na vibarua ili imalizike upesi. Ofisa mmoja mdogo anagundua ukweli, lakini hapati wa kumsikiliza. Shimo linazidi kurefuka, linafika baharini, maji yanaingia, barabara inageuka mfereji. Na wakubwa wanafanya nini? Wanafanya sherehe ya ufunguzi. Wanautangazia umma kwamba jiji lao sasa ni Venice ya Mashariki ya Kati.

Hicho ni kisa cha sinema iitwayo Mfereji wa Blaumilch, iliyotoka mwaka 1969. Mara ya kwanza niliitazama kwa video, sebuleni kwa rafiki yangu. Tulikuwa watu sita. Watano tulicheka mpaka tukashika mbavu. Wa sita alikuwa baba mkwe wa rafiki yangu, mzee aliyestaafu baada ya miaka mingi ya kazi ya ofisi. Yeye hakucheka. Nilimwuliza, "Vipi mzee, haikukupendeza?" Akanijibu, "Mwanangu, nyinyi mnamwona mwendawazimu. Mimi naona mafaili."

Tangu siku hiyo nimekuwa nikimfuatilia mtu aliyeiandika na kuiongoza sinema hiyo. Jina lake ni Ephraim Kishon. Ndiye ninayetaka tumzungumze leo, kwa sababu maisha yake yananifunza jambo moja: wa kuicheka ofisi kwa haki ni yule aliyesimama kwenye foleni yake.

Kishon hakuzaliwa Israeli. Alizaliwa Budapest, Hungaria, mwaka 1924, katika familia ya Kiyahudi, akaitwa Ferenc Hoffmann. Alipofika umri wa kuingia chuo kikuu, sheria za kibaguzi dhidi ya Wayahudi zilimfungia mlango. Akajifunza usonara. Kisha vita vikamfikia, akatiwa kambini. Baadaye alikuja kusimulia kwamba katika kambi moja kilichomponya ni mchezo wa sataranji, maana mkuu wa kambi alikuwa anatafuta mtu wa kucheza naye. Alisimulia pia kwamba siku moja wafungwa walipangwa mstari, akawa anapigwa risasi mmoja katika kila kumi, na hesabu ikampita. Mwishoni mwa vita alitoroka wakati wafungwa wakihamishwa, akajificha kwa jina la bandia. Wazazi wake na dada yake walipona. Ndugu zake wengi wengine waliuawa Auschwitz.

Ndugu msikilizaji, mtu aliyepita humo angekuwa na kila sababu ya kuandika vitabu vya machozi. Huyu akachagua kucheka. Lakini angalia alichokicheka: alicheka ile tabia ya watu wengi kutii tu, kila mmoja akiamini kwamba yuko mwingine huko juu anayejua. Kichaa wa Blaumilch anachimba barabara tu. Kishon alikuwa amewaona vichaa waliochimba makaburi, na makarani waliowaongozea magari.

Mwaka 1949 aliikimbia Hungaria, ambayo sasa ilikuwa chini ya utawala wa kikomunisti, akafika bandari ya Haifa. Kisa cha jina lake alikipenda sana. Anasema karani wa uhamiaji alimwuliza, jina nani? Akajibu, Ferenc. Karani akamwambia hakuna jina kama hilo, akaandika Ephraim. Na ubini wake, ambao wakati huo alikwisha kuubadilisha kuwa Kishont, ukakatwa herufi ya mwisho, ukawa Kishon, sawa na jina la mto mmoja wa karibu na Haifa. Akamwita anayefuata. Hivi ndivyo mtu mzima alivyopewa jina jipya na karani asiyeinua macho. Mwingine angekasirika. Yeye aliliweka jina hilo, na ndilo alilolijengea umaarufu.

Jina alipewa bure, lakini lugha ilimbidi aitafute. Alipelekwa kwanza kwenye kambi ya wahamiaji, kisha akaenda kuishi katika kijiji cha ujamaa, kile ambacho wenyewe wanakiita kibbutz, akifanya kazi za mikono mchana na kusoma Kiebrania usiku. Halafu akaingia shule ya lugha mjini Jerusalem. Mwaka 1952, miaka mitatu tu tangu ashuke melini, akaanza kuandika safu ya ucheshi katika Maariv, gazeti kubwa la Kiebrania. Safu hiyo aliiandika kwa takriban miaka 30, na kwa muda mrefu ilitoka karibu kila siku.

Hapo nakiri mbele yenu kwamba namwonea wivu. Mimi nina mazungumzo mamoja kwa juma, kwa lugha niliyonyonya kwa mama yangu, na bado kila ifikapo siku ya kuandika naitazama karatasi nyeupe kama mtu anayemtazama mdai wake. Huyu alikuwa anawachekesha wenyeji kwa lugha yao wenyewe, kila siku, na lafudhi ya Kihungaria haikumtoka mpaka kufa. Lakini labda ugeni huo ndio uliomsaidia. Mgeni huona kinyesi cha kuku sebuleni ambacho mwenye nyumba alikwisha kukizoea.

Sasa tuje kwenye sinema iliyomfanya ajulikane duniani. Inaitwa Sallah Shabati, ya mwaka 1964. Kabla ya hapo Kishon hakuwa ameongoza sinema hata moja. Mhusika huyo alianza kama vichekesho vifupi vya jukwaani, na mchezaji wake alikuwa kijana aitwaye Chaim Topol, ambaye alimcheza Sallah mzee mwenye ndevu na kundi la watoto hali yeye mwenyewe hakuwa amefika miaka 30. Topol ndiye huyo huyo ambaye mwaka 1971 alionekana katika Fiddler on the Roof.

Ili kukielewa kisa chake, kumbuka hali ya nchi ile wakati huo. Kati ya mwaka 1948 na 1951 idadi ya Wayahudi wa Israeli iliongezeka karibu mara mbili. Watu walitoka Ulaya wakiwa mabaki ya vita, na wengine walitoka Iraki, Yemeni, Moroko na nchi nyingine za Kiarabu. Nyumba hazikutosha. Wakawekwa katika kambi za muda, mahema na vibanda vya mabati, na wakati mmoja zaidi ya watu 200,000 waliishi humo. Waliambiwa ni kwa muda mfupi. Wengine walikaa miaka, na waliokaa zaidi walikuwa wale waliotoka nchi za Kiarabu.

Sallah anashuka kwenye ndege na mkewe na watoto saba, akitazamia nyumba. Anapewa kibanda kinachovuja. Anakwenda ofisini, anaambiwa njoo kesho. Anapewa kazi ya kupanda miti katika msitu unaogharimiwa na wafadhili wa Kiyahudi wa nje. Wafadhili wakija kutazama, ofisa anasimamisha kibao chenye jina lao: msitu wa bwana na bibi fulani. Wanapiga picha, wanafuta machozi, wanaondoka. Hawajafika mbali, kibao kinang'olewa, kinasimamishwa kingine kwa ajili ya wafadhili wanaofuata. Msitu ni ule ule. Sallah, mtu asiye na elimu ya darasani, anasimama pale na jembe lake anashangaa. Uchaguzi unapokaribia, watu wa vyama wanamiminika kambini kumwahidi nyumba, naye anaona kura yake ni bidhaa. Kila anayekuja anaahidiwa.

Na mwisho wake je? Sallah anafundishwa siri ya nchi: usipewe unachokitaka, utapewa usichokitaka. Basi anakusanya watu wa kambi, wanaandamana wakipiga kelele kwamba hawataki nyumba mpya, wanataka kubaki kambini. Serikali haiwezi kuvumilia ukaidi kama huo. Polisi wanaletwa, na wananchi wanahamishwa kwa nguvu, wanatiwa katika nyumba nzuri walizokuwa wakiziomba miaka yote.

Jina lenyewe la Sallah Shabati lina fumbo. Ukilitamka haraka kwa Kiebrania, linasikika kama mtu anayesema: samahani kwamba nimekuja. Nadhani katika maneno hayo matatu au manne yamo yote ambayo mhamiaji anayemeza mate yake mbele ya dirisha la ofisi angependa kuyasema.

Watu waliifurahia mno. Tiketi zaidi ya milioni 1 ziliuzwa katika nchi ambayo wakati huo ilikuwa na watu wapatao milioni 2 na nusu. Ikawa sinema ya kwanza ya Israeli kupendekezwa kwa tuzo ya Oscar ya sinema za lugha za kigeni, na mwaka 1965 ikapata tuzo ya Golden Globe. Lakini wapo ambao hawakucheka. Kwanza walikuwa wakubwa na watu wa vijiji vya ujamaa, ambao hadi hapo walizoea kusifiwa tu. Sinema ikawaonyesha kwamba nao wana ubinafsi wao na vikao vyao visivyokwisha.

Wa pili ndio wenye hoja nzito. Wasomi na waandishi wenye asili ya nchi za Kiarabu walisema: huyu Sallah mnayemcheka ni sisi. Mmemfanya mvivu, mlevi, mcheza kamari, mtu wa kutaka mahari kwa binti yake kama anauza ng'ombe. Aliyemwandika ametoka Budapest, na anayemcheza ni mwana wa wahamiaji kutoka Poland. Ella Shohat, mtaalamu wa sinema mwenye asili ya Iraki, aliifafanua hoja hiyo kwa kina katika kitabu chake cha mwaka 1989 juu ya sinema ya Israeli.

Nitawaambia ukweli wangu. Nilipoitazama Sallah mara ya kwanza nilicheka kutoka mwanzo hadi mwisho. Mara ya pili, baada ya kuisikia hoja hiyo, kuna mahali kicheko kilinikwama kooni. Sallah anapomshinda karani, bado nacheka. Anapopiga bei ya binti yake, najiuliza nani hasa anachekwa pale, na nani yuko ukumbini anachekeshwa. Kishon alisimama kwenye foleni ya wahamiaji, na kwa hiyo alikuwa na haki ya kuicheka ofisi. Lakini foleni yake na ya Sallah hazikuwa sawa kabisa. Ya kwake ilisogea upesi zaidi.

Nadhani mwenyewe alijifunza kitu, maana sinema yake ya mwaka 1971, Polisi Azulai, ina upole ambao haumo katika zile za awali. Azulai ni polisi wa cheo cha chini katika mji wa Jaffa. Ametumikia miaka 20 bila kupandishwa hata ngazi moja, kwa sababu ana kasoro ambayo jeshi la polisi haliwezi kuisamehe: ana huruma. Anajua Kifaransa, anajua maandiko matakatifu, anaweza kuwatuliza waandamanaji wa dini kwa aya badala ya rungu. Lakini hajui kukamata wezi. Wakubwa wanaamua mkataba wake usiongezwe.

Wezi wa Jaffa wanapata habari hiyo, na wanaingiwa na huzuni. Watampata wapi polisi mwingine kama huyu? Wanakaa kikao. Wanaamua kumpangia wizi mkubwa katika nyumba ya watawa, ili awakamate, asifiwe, abaki kazini. Na kweli anawakamata. Anapandishwa cheo. Halafu anastaafishwa vile vile, kwa sababu karatasi zilikwisha kutiwa saini. Shaike Ophir, aliyemcheza Azulai, anasimama mwishoni amevaa kanzi yake mpya ya cheo, anapiga saluti, na machozi yanamtoka.

Siku tulipoiweka sinema hiyo, yule mzee wa mafaili alikuwapo tena. Nilimtazama kwa pembe ya jicho. Alikuwa amevua miwani anaifuta, na aliendelea kuifuta muda mrefu kuliko vumbi lilivyohitaji. Sikumwuliza kitu.

Polisi Azulai nayo ilipata Golden Globe, mwaka 1972, na nayo ikapendekezwa kwa Oscar. Hapa pana bahati ya ajabu. Mara zote mbili Kishon aliikosa Oscar, na mara zote mbili aliyeichukua ni mtu mmoja, Vittorio De Sica wa Italia. Ukipigwa mara mbili na bingwa yule yule, angalau huwezi kusema mwamuzi alikosea njia ya kwenda uwanjani.

Kishon aliongoza sinema tano tu. Ya tano ilitoka mwaka 1978. Inasimulia mwanasiasa anayepelekwa kijijini kupumzika, akakuta watu wanaishi kwa amani bila siasa, akawaletea uchaguzi na makundi mpaka kijiji kikasambaratika. Kisa ni kizuri, lakini sinema haikupokelewa kama zilizotangulia, na baada ya hapo hakuongoza tena. Alikwisha kuchoka na wahakiki wa nchini mwake, ambao aliona hawakumhesabu kuwa mwandishi wa maana. Akaelekea zaidi kwenye vitabu, na miaka yake ya baadaye aliishi kwa muda mrefu huko Appenzell, Uswisi.

Na vitabu hivyo vilinunuliwa na nani kuliko wote? Na Wajerumani. Vilitafsiriwa katika lugha zaidi ya 30, lakini mamilioni ya nakala ziliuzwa kwa Kijerumani. Kwa miaka mingi mfasiri wake alikuwa Friedrich Torberg wa Vienna, naye alipofariki mwaka 1979 Kishon akaanza kuandika Kijerumani mwenyewe. Alikuwa akisema kwamba kuwaona wajukuu wa watu waliotaka kumwua wakipanga foleni kununua vitabu vyake ni furaha isiyo na kifani. Foleni tena, ndugu msikilizaji. Safari hii yeye ndiye aliyekaa upande wa pili wa meza, na kalamu ya kutia saini.

Sitakuwa nimemtendea haki msikilizaji nikinyamazia jambo jingine. Kioo cha Kishon kilikuwa na upande ambao hakukigeuzia. Jaffa ya Azulai ilikuwa mji wa Waarabu kabla ya mwaka 1948, na wengi wao waliondoka au walifukuzwa wakati wa vita vya mwaka huo, wasirudi. Katika sinema zake hawa karibu hawaonekani. Juu ya vita na mipaka, Kishon alikuwa mtetezi wa serikali yake, na baada ya vita vya mwaka 1967 alitoa pamoja na mchoraji wa katuni Dosh kitabu kilichoitwa Samahani Tumeshinda, cha kuwakejeli walioilaumu Israeli. Sallah aliomba samahani kwa kuja. Wapo wengine, upande wa pili wa uzio, waliokuwa wakiuliza lini watarudi, na katika ucheshi wake hawakupata nafasi. Wapo kati yenu watakaosema hilo linafuta yote. Mimi sidhani hivyo, lakini sidhani pia kwamba ni dogo. Mchekeshaji naye ana foleni asizoziona, na hilo ni onyo kwetu sisi tunaojifanya hodari wa kuona ya wengine.

Mwaka 2002 serikali ilimpa Tuzo ya Israeli, heshima kubwa kuliko zote nchini humo, miaka 53 baada ya karani wa Haifa kumkata herufi moja. Alifariki Appenzell tarehe 29 Januari 2005, akiwa na miaka 80, akazikwa Tel Aviv, jiji ambalo katika sinema alilichimba kutoka katikati hadi baharini.

Basi tunabaki na nini? Mimi nimebaki na lile swali ambalo hakuna aliyeliuliza asubuhi ile katika barabara ya Allenby: wewe umetumwa na nani? Ni swali jepesi. Mtoto angeweza kuliuliza. Lakini polisi hakuliuliza kwa sababu aliogopa kuonekana mjinga, mkuu wa idara hakuliuliza kwa sababu aliogopa kuonekana hajui, na wananchi hawakuliuliza kwa sababu walikwisha kuzoea. Kishon alikuwa ameona Ulaya nzima ikichimbwa kwa namna hiyo, na watu wenye elimu zao wakiongoza magari yapite pembeni.

Juzi nilikutana na yule mzee. Nilimwambia nataka kumzungumza Kishon redioni, nikamwuliza kama nimtaje. Akacheka kidogo. Akasema, "Nitaje tu, mwanangu, ila usitaje jina. Waambie katika miaka yangu ya kazi niliwahi kuona mashimo mawili matatu, nikayapitishia saini. Sikuuliza." Kisha akaniaga, akaenda zake.

Ndugu msikilizaji, hadi juma lijalo, kwaheri ya kuonana.